Ugonjwa Ulioitwa Mbu

Bibi yangu mzaa mama hajawahi kulala Mombo hata usiku mmoja. Ameshuka mara nyingi: kuuza mboga, kuzika, kupokea wageni wa treni enzi hizo treni zikipita. Lakini jua likianza kuegemea milima, yeye tayari yuko garini anarudi Lushoto. Nilipokuwa mdogo niliona ni ushamba. Nilimuuliza siku moja, akajibu kwa ufupi kwamba huko chini kuna mbu. Nami, kwa ujuaji wa mtoto wa darasa la sita, nikamwambia hata huku juu mbu wapo, mbona jana wameniuma?

"Hao wadudu tu," akasema. "Mimi nasema mbu."

Nilicheka. Niliporudi shuleni Dar es Salaam nikawasimulia wenzangu kuwa bibi yangu hajui tofauti ya mbu na malaria. Nao wakacheka. Miaka kama kumi na mitano baadaye ndipo nilipojua tulichokuwa tunakicheka.

Mwaka 1897 daktari Mjerumani Robert Koch aliteremka Dar es Salaam akitokea India, alikokwenda kuchunguza tauni. Alikuwa mtu mwenye jina tayari. Ndiye aliyegundua bakteria wa kifua kikuu mwaka 1882. Serikali yake ilikuwa na koloni jipya ambalo maofisa wake walikuwa wanalizikwa humo mmoja mmoja kwa homa, na ilitaka kujua kwa nini. Koch alikaa mpaka mwaka 1898, akipima damu kwa hadubini. Usambara ilimvutia kwa sababu ya hewa yake ya baridi: je, Wazungu wangeweza kuishi kule bila homa? Aliporudi Berlin alitoa hotuba kuhusu aliyoyaona, na ndani yake mna habari niliyokutana nayo nikiwa chuo, katika kitabu cha historia ya malaria. Watu wa milima ya Usambara, alieleza Koch, wanajua kwamba wakishuka tambarare na kulala huko wanarudi na ugonjwa. Ugonjwa huo wanauita mbu. Na mdudu naye wanamwita mbu, kwa sababu, wanasema, ndiye anayewapa.

Niliisoma mara tatu nikiwa nimesimama kati ya rafu za maktaba. Halafu niliona aibu, na sehemu mbaya ya aibu hiyo ni kwamba ilibidi Mjerumani aliyekufa mwaka 1910 aniambie ndipo nimwamini bibi yangu.

Angalia tarehe. Tarehe 20 Agosti 1897, Koch akiwa Dar es Salaam, Ronald Ross alikuwa Secunderabad, India, akipasua tumbo la mbu mmoja. Mbu huyo alikuwa amenyonya damu ya mgonjwa aitwaye Husein Khan, ambaye alilipwa ana moja kwa kila mbu aliyemuuma. Waliuma kumi, akapata ana kumi. Ndani ya ukuta wa tumbo la mbu Ross aliona vimelea vya malaria. Mwaka uliofuata alionyesha kwa kutumia ndege jinsi vimelea vinavyosafiri hadi kwenye mate ya mbu, na Waitaliano wakiongozwa na Giovanni Battista Grassi wakaonyesha kuwa anayewaambukiza binadamu ni mbu wa jamii ya Anopheles. Ross alipata tuzo ya Nobel mwaka 1902. Wasambaa hawakupata kitu, wala sidhani kama walikuwa wanasubiri.

Sitaki kumfanya bibi nabii. Kujua kwamba ukilala bondeni unarudi na homa si sawa na kujua kuna kiumbe ndani ya damu, na dawa haitengenezwi kwa jina la ugonjwa. Lakini jina lile lilikuwa limebeba maelekezo kamili ya kujikinga: usilale chini. Halikusema usipite, wala usifanye biashara na watu wa chini. Lilisema usilale. Ukifikiri vizuri, ushauri mwingi wa kitabibu wa karne ya 19 haukuwa sahihi kiasi hicho, maana mbu wa malaria huku kwetu huuma zaidi usiku mkubwa, kuanzia saa nne au tano mpaka karibu na alfajiri.

Na ile tofauti yake ya wadudu na mbu? Hapo ndipo bibi alinishinda kabisa. Kimelea cha malaria kikiingia ndani ya mbu hakiwi tayari siku hiyohiyo. Kinahitaji kukua, kuzaliana, kutoboa ukuta wa tumbo na kuhamia kwenye tezi za mate. Kwenye joto la bondeni kazi hiyo inachukua siku kumi hadi kumi na nne hivi, na mbu wengi hawaishi muda mrefu kuliko huo. Kwa hiyo anayeambukiza siku zote ni mbu mzee. Joto likipungua, kimelea kinachelewa. Likishuka chini ya nyuzi 18 hivi kinakaribia kusimama, na mbu anakufa kabla hakijakomaa. Huko Lushoto, karibu mita 1,400 juu ya bahari, mbu wanakuuma na kukuwasha, lakini wengi wao wanakufa mikono mitupu. Watafiti waliopanda milima hiyo kijiji kwa kijiji walichapisha matokeo yao mwanzoni mwa miaka ya 2000: kutoka bondeni hadi uwanda wa juu, uambukizaji unapungua karibu mara elfu moja. Wadudu tu, kama alivyosema.

Bibi ana sababu yake nyingine, na aliniambia mwaka huu tu. Kabla ya Uhuru kaka yake alishuka kufanya kazi kwenye shamba la mkonge bondeni. Alikuwa na miaka kumi na tisa. Alirudishwa kwa machela, wanaume wanne wakipokezana kupanda mlima, akafa siku ya nne. Nilimuuliza aliumwa nini. Akanitazama kama nimeuliza swali la kitoto tena. "Mbu, mke mwenzangu. Nimekwambia miaka yote."

Watu wa pwani nao walikuwa na neno lao: mkunguru, homa inayompata mgeni anapofika mahali pasipo pake. Neno hilo limebeba nusu ya pili ya elimu. Aliyezaliwa bondeni na kuumwa tangu mchanga, akifanikiwa kuishi, mwili wake unajifunza kuvumilia; ataugua, lakini si rahisi kufa. Gharama ya kujifunza huko hulipwa na watoto chini ya miaka mitano, na makaburi madogo ya bondeni yanajua ni kubwa kiasi gani. Mtu wa milimani akishuka akiwa mtu mzima anakuwa mtoto upya. Kijana wa miaka kumi na tisa mwenye nguvu za kukata mkonge alikuwa, mbele ya kimelea, sawa na mtoto wa miezi saba.

Nataja miezi saba kwa sababu huo ndio umri wa binti yangu. Nilikwenda kujifungulia kwa mama yangu Lushoto, na sasa likizo imekwisha, natakiwa Dar es Salaam. Naandika haya huku mabegi yakiwa wazi sakafuni.

*

Swali la kwa nini mbu anatuuma lina jibu fupi ambalo kila mtu alifundishwa: jike anahitaji damu kwa ajili ya mayai. Dume hamuumi mtu, anakula maji matamu ya maua, na jike pia hula hayo akitaka nguvu ya kuruka. Swali lenye utamu ni kwa nini anatuuma sisi na si mbuzi, na kwa nini mimi na si mume wangu.

Kwanza anafuata pumzi. Hewa ukaa tunayoitoa puani huelea kama uzi, na mbu anaweza kuishika akiwa mbali makumi ya mita, kisha anapanda nayo dhidi ya upepo. Akikaribia, harufu ya ngozi inachukua usukani: jasho, na hasa kazi ya bakteria wanaoishi juu yetu wakilila jasho hilo. Akiwa karibu kabisa anasikia joto na unyevu wa mwili. Miaka ya 1990 watafiti wa Wageningen, Uholanzi, Bart Knols na Ruurd de Jong, waligundua kwamba Anopheles gambiae anapenda kuuma miguu na vifundo. Miguu ilipooshwa kwa sabuni ya kuua bakteria, mbu wakahama kuuma kwingine. Kisha wakajaribu jibini ya Limburger, ambayo inanuka miguu kwa sababu bakteria wake ni ndugu wa wale wa kwenye vidole vyetu, na mbu wakaifuata. Kwa hiyo ukiwa barazani jioni ukijipiga vifundo, usilaumu kiti.

Nilipokuwa mjamzito nililalamika kwamba mbu wa nyumba nzima wananifuata mimi. Mume wangu akasema ni hisia. Utafiti uliofanyika Gambia na kuchapishwa mwaka 2000 ulikuta wajawazito wakivutia mbu wa malaria karibu mara mbili ya wanawake wengine. Tunapumua zaidi na tumbo lina joto zaidi. (Upo pia wa Burkina Faso, wa mwaka 2010, unaoonyesha kwamba wanaume waliokunywa bia ya kienyeji walivutia mbu zaidi kuliko waliokunywa maji. Huo nilimtumia yeye.) Ule unaonikera moyo ni wa magharibi mwa Kenya, wa mwaka 2005: watoto ambao damu yao ina vimelea vilivyo tayari kuhamia kwenye mbu walivutia mbu wengi zaidi kuliko wenzao, na walipotibiwa mvuto huo ukaisha. Yaani kimelea kinamwita dereva.

Lakini upendo wa mbu kwa binadamu haukuwepo tangu mwanzo, na ushahidi mzuri uko pwani yetu, Rabai, nyuma ya Mombasa. Kule wanasayansi wamekuta Aedes aegypti wa namna mbili wakiishi jirani. Mmoja, mweusi zaidi, wa msituni, anazaliana kwenye mashimo ya miti na anapenda wanyama. Mwingine, wa rangi ya kahawia, alikuwa anazaliana ndani ya nyumba kwenye mitungi ya maji, naye anapenda watu. Mwaka 2014 timu ya Leslie Vosshall na Carolyn McBride ilionyesha kwamba wa nyumbani ana kinusio kinachoshika kwa nguvu zaidi kemikali moja iliyo nyingi kwenye harufu ya binadamu. Ukiwa mbu mahali penye kiangazi kirefu, maji ya uhakika yako kwa mtu aliyeyateka na kuyahifadhi. Ukishahamia kwenye mtungi wake, kumuuma yeye ni suala la muda.

Huyo Aedes ndiye anayeleta dengi, na hapa pia lugha yetu ilitangulia. Daktari James Christie aliyekuwa Zanzibar aliandika kuhusu mlipuko wa mwaka 1870, akasema wenyeji waliwahi kuuona ugonjwa huo mwaka 1823 na waliuita kidinga pepo. Wapo wanaosema neno dengue limetoka humo, wengine wanabisha. Chikungunya halina ubishi: ni Kimakonde, la watu wa Newala walioona ugonjwa mwaka 1952 na 1953 ukiwakunja viungo. Tunaingia kwenye vitabu vya tiba vya dunia kwa kutaja maumivu yetu.

*

Walioshika uvumbuzi wa Ross na Koch waliutumiaje? Dar es Salaam, kuanzia mwaka 1901, madaktari wa Kijerumani walifuata njia ya Koch: pima damu za wakazi, wenye vimelea wape kwinini. Ross alitaka kuua mbu, kufukia madimbwi, kuchimba mifereji. Zote zilikuwa na mantiki. Ya tatu ndiyo iliyoacha alama kubwa kwenye ramani za miji ya Afrika. Wataalamu wa Kiingereza, wakikuta watoto wa Kiafrika wana vimelea vingi kwenye damu, walishauri mwaka 1900 Wazungu wakae mbali nao. Freetown wakajenga Hill Station, mtaa wa Wazungu mlimani, mwaka 1904. Kwetu mpango wa kutenga ulioanza wakati wa Wajerumani ulikamilishwa na Waingereza: Uzunguni baharini, Uhindini katikati, na kati ya Uhindini na Kariakoo kiwanja kipana kilichoachwa wazi kwa jina la afya. Mnazi Mmoja. Nimekula mihogo ya kukaanga pale mara nyingi bila kujua niko juu ya mpaka uliowekwa kwa kisingizio cha mbu.

Kisingizio, nasema, kwa sababu mpaka haukuwahusu wapishi, mayaya na watunza bustani waliolala nyuma ya nyumba za Uzunguni. Bibi yangu alikwepa usiku wa bondeni. Serikali ilikwepa watu. Maarifa yaleyale, na ona yalivyogawanyika.

Kuna mambo mawili yaliyofanyika chini ya Usambara ambayo nayaheshimu, na moja lilishindwa. Kuanzia mwaka 1955 mpaka 1959, upande wa Pare na Taveta, kuta za nyumba zilipigwa dawa iitwayo dieldrin. Mbu wakapungua sana, mmoja wao, Anopheles funestus, akatoweka kwa miaka. Kisha dawa ikasimama, na polepole malaria ikarudi. Mwaka uleule wa 1955 Shirika la Afya Duniani lilitangaza kuitokomeza malaria duniani, lakini sehemu kubwa ya Afrika ikaachwa nje ya mpango, na mwaka 1969 lengo lenyewe likawekwa kando.

Jambo la pili lilifanyika Muheza, bondeni kabisa, miaka ya 1980. Jo Lines, J. Myamba na Chris Curtis walijenga vibanda vyenye mitego madirishani, watu wakalala ndani chini ya neti, nyingine zikiwa zimetobolewa makusudi. Asubuhi wakahesabu mbu: wangapi wameshiba, wangapi wamekimbia, wangapi wamekufa. Neti zenyewe si jambo geni. Herodoto aliandika kwamba Wamisri wa maeneo ya mabwawa walijifunika usiku nyavu zao za kuvulia samaki, na wale walioishi juu ya mabwawa walipanda kulala kwenye minara, maana upepo hauwaruhusu mbu kuruka huko. Jipya la Muheza lilikuwa permethrin, dawa iliyobuniwa kwa kuiga sumu ya ua la pareto linalolimwa kwenye nyanda zetu za baridi. Matokeo yaliyochapishwa mwaka 1987 yalionyesha kuwa hata neti yenye matundu, ikiwa na dawa, inafanya kazi ambayo neti tupu yenye matundu haiwezi. Mbu haji tena kutafuta tundu kwa subira. Anagusa na kufa, au anaondoka.

Ukikumbuka habari ya mbu mzee utaona kwa nini hilo lilikuwa kubwa. Neti tupu inamlinda aliyelala. Neti yenye dawa inafupisha maisha ya mbu wa kijiji, na mbu asiyefika siku ya kumi hana cha kumpa mtu. Inafanya bondeni kile ambacho baridi inafanya Lushoto. Mwishoni mwa miaka ya 1990, Kilombero na Ulanga, watafiti wa Ifakara walikuta watoto waliolala kwenye neti za dawa wakiwa na nafasi ya kuishi iliyo bora kwa asilimia 27.

Sasa mbu nao wanajibu. Wapo wengi wasiokufa kwa dawa zile za zamani, ndiyo maana neti mpya zinachanganywa na kemikali nyingine. Wapo, kama Anopheles arabiensis, wanaouma nje na mapema, tukiwa barazani au tunapika uani, na hao neti haiwahusu mpaka tutakapoingia kulala. Na Aedes wa dengi anauma mchana. Kwa hao bibi anachoma kivumbasi, mama anafunika ndoo, mimi natafuta nyavu za madirisha na dawa ya kupaka, na dada wa duka la dawa ameshanionya niisome karatasi yake kwanza kabla ya kumpaka mtoto.

*

Tumeshuka juzi. Bibi alitusindikiza mpaka stendi, akiwa amembeba mjukuu wake mgongoni, na alichagua basi mwenyewe: la kwanza, la alfajiri. Nilijua anachofanya. Barabara ya kwenda Mombo inashuka kilomita 33 kwa kona, na kila kona masikio yanaziba na hewa inaongezeka uzito. Mombo tulisimama dakika ishirini hivi kukiwa na jua kali la asubuhi. Wachuuzi walipandisha ndizi na karanga dirishani. Binti yangu alianza kutokwa jasho kwa mara ya kwanza maishani, akalishangaa, akajaribu kulilamba.

Dar tulifika alasiri. Mume wangu alikuwa ameshatundika neti, ila upande wa ukutani ilikuwa fupi haifiki chini ya godoro, na tundu moja la sigara ya mpangaji wa zamani lilikuwa usawa wa miguu. Nilitafuta sindano. Bibi akapiga simu kabla sijamaliza.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba. Umemchomekea?"

"Nashona kwanza."

"Shona. Nasubiri."

Akanyamaza upande wa pili, simu ikiendelea kula salio lake, mpaka nikakata uzi kwa meno.